Dachau siku moja na gidi: niende ama niache?

Furaha_wa_Himbi (Goma)

Jambo wandugu wote. Niko na swali, naliweka hapa juu najua muko watu walishafika Ulaya ama wanaishi kule sasa. Mimi natumika mu labo hapa Goma, kila siku niko ku mikroskopi napima malaria, na mwezi wa kumi na moja watatutuma watu watatu kufanya formasio ya wiki mbili Munich, Ujerumani. Viza ilishatoka, tutapitia Kigali juu hapa kwetu uwanja wa ndege ulifungwa tangu Januari 2025. Sasa programu inasema siku ya posho, ni kusema Jumamosi ya katikati, hatutakuwa na kazi, na wenye walitualika wametupa vitu viwili vya kuchagua: kupanda kuona milima, ama kwenda na gidi, mutu wa kutembeza wageni, Dachau, kambi ya Wanazi wa Hitler, asubuhi kwenda, jioni kurudi.

Wenzangu wawili walichagua milima palepale. Mimi roho inanivuta Dachau na roho ileile inanikataza.

Niwaambie kwa nini. Nilikaa kambi ya Bulengo, hapa karibu na Goma, miezi saba, tulikuwa deplase, watu wenye vita ilifukuza kwao, mimi na mama na watoto wa dada yangu, nyumba ya shitingi (turubai), mvua ikinyesha tunasimama wima usiku kucha tukishika zile miti isianguke. Neno kambi kwangu ni ile harufu ya shitingi yenye jua imepiga. Najua kambi ya Dachau ni kitu kingine kabisa, kule waliwafunga watu na kuwaua, sisi tulikimbilia kambi kuokoa maisha. Lakini nikisikia tu neno lenyewe mwili unakumbuka. Mama nilipomwambia alinyamaza kwanza, kiisha akasema: mwanangu, wafu wetu wenyewe hatujamaliza kuwalilia, wewe unaenda kutafuta wengine mbali hivyo? Na sikupata la kumujibu.

Kwa hiyo nauliza. Mwenye alishafika kule atuambie iko namna gani. Siku moja inatosha? Gidi ni lazima ama mutu anaweza kutembea pekee? Wanaelezea na Kifaransa? Na kama nikishindwa kujizuia nikalia mbele ya watu sijui, watanionaje?

Mwalimu_Kadutu (Bukavu)

Dada Furaha, pole kwa yote, na asante kwa kuuliza bila kuficha. Mimi ni mwalimu wa historia, niko Kadutu, nilisoma miaka miwili Ujerumani na Dachau nilienda mara mbili, mara ya kwanza peke yangu, mara ya pili na gidi, ndiyo maana nakuambia chukua gidi.

Mara ya kwanza nilitembea kama mtu aliyepotea shambani. Kule leo vitu vya kuona ni vichache. Kuna uwanja mpana wa changarawe, nyumba mbili za wafungwa zilizojengwa upya, na zile nyingine 32 zimebaki alama ya msingi chini na namba yake basi. Peke yako unaona uwanja. Gidi anakusimamisha katikati ya huo uwanja anakuambia hapa walisimama kuhesabiwa asubuhi na jioni, baridi ya Januari, nguo nyembamba ya mistari, na hata aliyekufa usiku wenzake walimbeba mpaka kwenye mstari ili hesabu itimie. Hapo sasa uwanja unajaa.

Kufika ni rahisi. Toka kituo kikubwa cha treni cha Munich unapanda S2 inayoelekea Petershausen, dakika kama ishirini na kitu, unashuka Dachau, mbele ya kituo unapanda bisi 726 inakushusha mlangoni. Kuingia ni bure. Ukitaka gidi wao unalipa pesa kidogo, matembezi yao yanachukua kama masaa mawili na nusu, na kila siku kuna ya Kiingereza na ya Kijerumani. Kiingereza kikikupa shida kuna ile mashine ndogo ya kusikiliza sikioni, ina Kifaransa. Kama mnapelekwa na ajensi ya mjini pia ni sawa, kwa sababu kule gidi haruhusiwi kufanya kazi bila kibali cha memoriali yenyewe, yaani makumbusho ya kambi, kwa hiyo hutaangukia mtu anayebuni hadithi. Vaa viatu vizuri na koti nzito, sehemu kubwa uko nje na upepo wa Novemba hauna huruma. Siku moja inatosha, ila usipange kitu kingine jioni. Rudi hotelini, kunywa chai, lala.

Sasa nieleze kidogo historia, kwa sababu wengi wetu tunachanganya. Dachau ilifunguliwa tarehe 22 Machi 1933, Hitler alikuwa hajamaliza hata miezi miwili madarakani. Wafungwa wa kwanza walikuwa Wajerumani wenyewe, wakomunisti, wasoshalisti, watu wa sindika (vyama vya wafanyakazi), watu waliokuwa wanasema. Vita ya dunia ilikuwa bado miaka sita. Hilo huwa narudia kwa wanafunzi wangu mpaka wanachoka: kambi ilitangulia vita, na jirani waliliona lile geti na gazeti liliandika. Kiisha kamanda mmoja anaitwa Theodor Eicke akaandika pale sheria za adhabu zilizokuja kutumika kwenye kambi zingine zote. Kuanzia 1933 mpaka 29 Aprili 1945 Wamarekani walipofika, walipita zaidi ya watu 200,000 kutoka mataifa zaidi ya arobaini, na waliokufa ni angalau 41,500. Kambi ilipangwa iingize watu 6,000, mwishoni mlikuwa zaidi ya 30,000 na ugonjwa wa tifusi unawamaliza. Wayahudi wengi zaidi waliuawa kule Poland, Auschwitz na kambi zingine za kuangamiza, usije ukafikiri Dachau ndiyo yote. Dachau ni mahali walipojifunzia.

Kuna jambo moja nimejiuliza kama nikuambie ama nikuache. Kwa sababu ya kazi yako nadhani ni afadhali ulijue mbele ya kufika. Kulikuwa na daktari pale, Claus Schilling, mtaalamu mkubwa wa magonjwa ya nchi za joto. Tangu 1942 aliwaambukiza malaria wafungwa zaidi ya elfu moja kwa makusudi, wengine kwa kuumwa na mbu, wengine kwa sindano, halafu akawajaribisha dawa. Kati yao walikuwemo mapadri wengi wa Poland. Alihukumiwa palepale Dachau na akanyongwa 1946. Usikutane na hilo kwa ghafla ukiwa umesimama katikati ya watu.

Na kulia, lia. Niliona mzee mmoja wa Kijerumani amekaa kwenye benchi analia na hakuna aliyemgeukia, watu walimpa nafasi yake.

Bahati_Majengo (Goma)

Mimi nitasema yenye wengine wanaogopa kusema. Dada, mama yako ako na haki. Dunia nzima inajua Dachau, wana vitabu, wana filimu, marais wanaenda kuweka maua. Sisi huku tumekufa tangu miaka ya tisini, nani anapanda ndege kuja kutembea na gidi kwenye makaburi yetu? Ukienda kule utalia machozi yenye ulipashwa kulia hapa. Nenda uone milima upumuzishe kichwa, nyinyi watu wa hospitali mumeona mengi. Sisemi kwa ubaya, nasema kwa uchungu.

Furaha_wa_Himbi

Kaka Bahati, nimekusikia na sikukasirika. Ni ileile yenye mama alisema. Mwalimu, asante sana, ile ya malaria nimeisoma mara tatu nikafunga simu nikatoka nje kwanza.

Yaya_Kampemba (Lubumbashi, Bruxelles)

Jambo yenu bote. Mi ni mutoto wa Lubumbashi, Kampemba njo kule nilizaliwaka, sasa niko Bruxelles miaka kumi na mbili. Bahati leka yangu, uchungu yako naiyua, ni yetu shote, lakini acha nikuambie kintu kimoja.

Hapa Ubelgiji kuko fasi mbili za namna ile. Moja ni Breendonk, ngome ya zamani kati ya Bruxelles na Antwerpen, toka mwezi wa kenda 1940 SS, basoda ba Wanazi, balifungiamo batu, na balibafanyisha kazi ya kuondoa kwa maboko udongo yote yenye ilikuwa imefunika ile ngome. Nilifikaka mu mwezi wa saba, inje jua kali, lakini mule mu bibambazi (kuta) munatoka baridi sawa mu kaburi, kuko na chumba cha kutesea batu, sikuweza kukaamo hata dakika mbili. Ingine iko Mechelen, banaita kazerne Dossin, nyumba ya zamani ya basoda. Kule, 1942 mpaka 1944, balipakia mu matreni Bayuda na Baroma (kabila ingine yenye Wanazi balitesa) zaidi ya 25,000 kubapeleka Auschwitz, benye balirudi ni kidogo sana. Sasa mu makumbusho ya Dossin kuko na kibambazi kinapanda toka chini mpaka juu kabisa, yote ni masura ya batu. Bibi wa ndoa na veli yake. Mutoto na kofia. Mwenye picha yake haikupatikanaka, balimuachia fasi yake, kivuli tu, mu mustari pamoja na benzake. Nilisimama pale mpaka mulinzi akakuja kuniuliza kama niko muzuri.

Ni kule nilisikia ya treni ya 19 Aprili 1943. Bijana batatu, Youra Livschitz, Jean Franklemon na Robert Maistriau, balikuwa na bunduki ndogo moja na taa yenye balifunga na karatasi nyekundu, balisimamisha treni ya bafungwa usiku. Maistriau akafungua wagon moja, batu 17 bakatoka. Mu ile safari yote zaidi ya mia mbili baliruka. Na ule Maistriau kiisha vita alikujaka kwetu Congo, akaishi kule miaka mingi sana. Batu bangapi balimupita mu njia habakujua ni nani!

Na Dachau yenyewe, dada Furaha, kulikuwa mwana wa kwetu. Minasema kweli. Anaitwa Jean Voste, banamuitaka Johnny, alizaliwa Congo, akawa mu upinzani ya kupiganisha Wanazi huku Ubelgiji, bakamukamata 1942 na bakamupeleka Dachau. Kuko na picha yake Wamarekani balipiga wakati kambi ilifunguliwa, mutu mweusi katikati ya bazungu benye kukonda, anatazama kamera. Nikiona ile picha sikuwezaka tena kusema ni mambo ya bengine. Uende, muulize gidi jina yake kwa sauti.

Sista_wa_Nyawera (Bukavu)

Furaha mwanangu, nakuandikia machache. Kwa habari ya mama, usimwambie ya kwamba unaenda kutembea. Mwambie unaenda kwenye kilio. Sisi kwetu kilio cha jirani hatuulizi kama na yeye alikuja kwetu. Katika Dachau walifungwa mapadri na wachungaji zaidi ya 2,700, wengi wa Poland, na zaidi ya elfu moja walifia mule. Titus Brandsma, padri wa shirika la Wakarmeli, wa Uholanzi, alifia pale 1942 na kanisa limemtangaza mtakatifu mwaka wa 2022. Nyuma ya kambi kuna monasteri ya masista Wakarmeli, unaingilia kwa mlango uliotobolewa katika mnara mmoja wa walinzi. Ukichoka pita kule ukae. Hakuna atakayekuuliza kitu. Nitakuombea siku ile.

Furaha_wa_Himbi

Wandugu, nimerudi Goma tangu wiki mbili, niliahidi nitaandika na nilikuwa nashindwa kuanza.

Nilienda. Mama nilimwambia vile Sista alisema, ni kilio, akaniambia basi funga kitenge chini ya koti. Nilikifunga.

Tulikuwa watu kama kumi na tano na gidi, mama mumoja wa makamo, anasema polepole na hapandishi sauti. Kwenye geti nilishangaa vile ule mulango wa chuma uko mudogo. Nilikuwa nafikiria kitu kikubwa cha kuogopesha, kumbe ni mulango wa kupita mutu mumoja mumoja, na maneno ya chuma ndani yake, Arbeit macht frei, kazi inaleta uhuru. Gidi akatuambia huo ni wa kuiga, ule wenyewe uliibiwa 2014, kiisha miaka miwili ukapatikana Norway, sasa uko ndani ya makumbusho. Kuna kijana alitaka kupiga picha anacheka chini ya yale maneno, mwenzake akamushika mukono, hakusema kitu, akashusha simu.

Mwalimu, uwanja ni vile ulisema. Changarawe zinalia chini ya viatu na kila mutu anasikia hatua zake mwenyewe. Ndani ya ile nyumba ya wafungwa nilihesabu vitanda vya mbao vyenye vimepangwa kwa kupandana na nikafikiria watu mara tano ya hesabu yenye walipangia, na mwili wangu ukakumbuka Bulengo, nikashika ukuta. Gidi aliona. Alipunguza hatua akanikaribia akaendelea kuongea na wengine vile hakuna kitu, akanipa fasi. Kwa hiyo mwenye anauliza kama gidi ni lazima, mimi nasema ni kwa sababu ya dakika kama hiyo.

Ya malaria nilisimama pale muda mrefu. Miaka tisa naangalia ile vijidudu mu damu, naijua sura yao, na nawapenda wagonjwa wangu, naweza kusema hivyo. Yule mutu alikuwa anatazama mu mikroskopi sawasawa na mimi. Alikuwa anaona kile naona. Sijamaliza kulifikiria na sitaki kulimaliza haraka.

Jina la Johnny Voste nilimuuliza kwa sauti, Yaya, vile uliniambia. Gidi alikuwa anamujua. Akasimamisha kikundi chote akasema huyu dada ametoka Congo na anauliza habari ya mufungwa mwenye alizaliwa Congo, akawaelezea. Watu wote wakanigeukia, na siyo kwa kunihurumia, ni vile wanageukia mutu wa familia mu kilio. Hapo njo nililia.

Kaka Bahati, sasa ni wewe nataka kujibu. Nyuma ya fasi ya kuchomea maiti kuna kaburi la majivu, jiwe limeandikwa ni la maelfu ya watu wasiojulikana. Gidi akasema hata leo watu wa familia wanaandika barua ku arshivu ya pale, fasi ya kuchunga karatasi za zamani, kuuliza jina la babu yao, na kuko watu kazi yao ni kutafuta hayo majina, miaka themanini imepita na bado wanatafuta moja moja. Nikafikiria mama mudogo wangu mwenye tulizika Bulengo, kolera. Tulimuandikia jina lake ku kibao na bic ya bluu. Nyuma ya mvua tatu hakukuwa tena kitu. Na ile kambi yenyewe ilivunjwa 2025, wenye tulikuwa nao wametawanyika, wengine Sake, wengine Minova, wengine hatujui.

Ulisema nitalia machozi ya hapa kule. Ni kweli, nililia ya hapa. Lakini nimerudi na dafutari. Mimi na kaka yangu tumeanza kuandika majina ya wote wenye walikufa mu upande wetu wa kambi, jina, kijiji yenye alitoka, na tarehe kama tunaijua. Tunapigia watu simu jioni. Mama njo anakumbuka zaidi, anakaa hapa pembeni anataja, na akitaja mumoja anakumbuka mwingine. Mpaka jana tulikuwa na majina kumi na tisa.

Kuko muzee mumoja alikuwa anauzisha makala (makaa) karibu na robine, bomba ya maji, ya kwanza ukiingia kutoka barabara ya lami, alikuwa na redio yenye imefungwa na kamba, wote tulikuwa tunamuita tu Muzee wa Makala. Alikufa mbele ya Noeli 2023. Jina lake la kweli hatulijui, tumeacha mustari wake wazi. Kama kuko mutu humu alikuwa Bulengo wakati ule na anamujua, ama anajua watoto wake, tafazali aandike hapa.